Mtumishi wa Serikali Mbele ya Kamera: Kazi Fupi ya Uigizaji ya Rashid Mfaume Kawawa na Hadithi ya Mtu wa Shamba Mjini Dar es Salaam

Ikisiri

Rashid Mfaume Kawawa anafahamika katika historia ya Tanzania kama kiongozi wa vyama vya wafanyakazi, Waziri Mkuu na Makamu wa Pili wa Rais. Kwamba mwanzoni mwa miaka ya 1950 alikuwa mwigizaji mkuu wa filamu za Kiswahili zilizopigwa Tanganyika ni jambo ambalo kwa kawaida hutajwa kwa sentensi moja, kama pambo la wasifu wake. Makala hii inaichukua sentensi hiyo na kuifafanua. Inaeleza mazingira yaliyozizaa filamu hizo, sababu za kazi hiyo kuwa fupi, na namna hadithi aliyoiigiza, yaani ya mtu wa shamba anayeponzwa na mji, ilivyoendelea kusimuliwa na serikali ambayo baadaye mwigizaji huyo alikuwa mmoja wa viongozi wake wakuu.

1.0 Utangulizi

Anayetoka Keko kwenda Kinondoni bila kuingia katikati ya jiji la Dar es Salaam hupita Barabara ya Kawawa. Barabara hiyo inaanzia kwenye makutano yake na Barabara ya Nyerere upande wa Chang'ombe, jirani na Keko, inapita Ilala na Magomeni, na kuishia Morocco. Kwa hiyo jina la Kawawa hutajwa kila siku na makondakta wa daladala, madereva wa malori ya mbao na mafundi seremala wa Keko wanaosafirisha vitanda na makabati. Wengi wao hulijua kuwa ni jina la Simba wa Vita, msaidizi mwaminifu wa Mwalimu Nyerere. Wachache hulijua kuwa ni jina la mwigizaji wa sinema.

Upungufu huo hauko mitaani peke yake. Tasinifu nyingi za Kiswahili zinazochunguza filamu za Tanzania huanza na wimbi la filamu za video la miaka ya 2000, hutaja kwa haraka Kampuni ya Filamu Tanzania iliyoundwa mwaka 1968, na huiacha enzi ya ukoloni kana kwamba haikuwa na mwigizaji Mwafrika hata mmoja. Upande wa pili, waandishi wa historia ya siasa hulitaja suala la sinema ili kumchangamsha msomaji kabla ya kuingia katika mgomo, chama na uhuru. Pande zote mbili zinaipita filamu yenyewe. Hapa itadaiwa kwamba kazi ile fupi ina uzito wake, kwa sababu ndani yake mna swali ambalo Dar es Salaam haijaacha kuulizwa: nani ana haki ya kukaa mjini?

2.0 Sinema ya kufundishia kabla ya Kawawa

Tanganyika ilikuwa uwanja wa majaribio ya sinema miaka mingi kabla ya studio yoyote ya kudumu kujengwa. Kati ya mwaka 1935 na 1937, huko Vugiri katika milima ya Usambara, ulifanyika mradi uliojulikana kwa kifupi kama BEKE, yaani jaribio la sinema ya elimu kwa Wabantu. Wazo lilitoka katika Baraza la Kimataifa la Wamisionari, hasa kwa J. Merle Davis, na sehemu kubwa ya fedha ilitolewa na Shirika la Carnegie la New York. Waendeshaji wa kazi ya kila siku walikuwa L. A. Notcutt, aliyekuwa na uzoefu wa mashamba ya mkonge, na G. C. Latham, aliyekuwa ofisa wa elimu Rhodesia ya Kaskazini. Katika muda huo mfupi zilitengenezwa filamu takriban 35 za milimita 16, ambazo sauti yake iliwekwa kwenye sahani za santuri. Gari lenye projekta na jenereta lilizitembeza Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini.

Filamu za Vugiri zilihusu safura, malaria ya watoto, kodi, mbegu bora, uuzaji wa kahawa na benki ya akiba ya posta. Hii ya mwisho inastahili kutazamwa kwa makini, kwa kuwa inaonesha umbo la hadithi litakalorudiwa kwa miongo minne. Watu wawili wanapata ujira. Mmoja anaufukia ardhini nyumbani kwake, na mwizi anauchimbua. Mwenzake anaupeleka posta, nao unabaki salama. Mjinga na mwerevu wanawekwa bega kwa bega, adhabu inamfika mmoja, na mtazamaji anaachiwa achague. Ngano za Kiswahili nazo hupenda jozi ya namna hii, lakini kuna tofauti ambayo si ndogo. Katika ngano mjanja hushinda kwa hila zake mwenyewe, na mara nyingi anayeshindwa naye ni mwenye nguvu. Katika filamu ya kufundishia mwerevu hushinda kwa kumtii ofisa.

Waigizaji wa Vugiri walikuwa Waafrika, nao walicheza sehemu kubwa na ndogo. Hata hivyo kitabu kilichochapishwa mwaka 1937 kueleza mradi ule kiliandikwa na waendeshaji wake wakiwaeleza wafadhili na serikali. Kinazungumzia zaidi mashine, gharama, lugha na mapokezi ya watazamaji. Mwigizaji katika maelezo ya aina hii ni kifaa kama vifaa vingine. Serikali za makoloni hazikukubali kuuendeleza mradi, na waliokuwa wakiigiza wakarudi kwenye shughuli zao.

Vita Kuu ya Pili ilileta chombo kingine. Kitengo cha Filamu cha Makoloni kiliundwa mjini London mwaka 1939 chini ya William Sellers, ambaye aliamini kwamba mtazamaji wa kijijini hawezi kufuata filamu yenye mikato ya haraka, hivyo anahitaji picha za polepole, zisizo na hila za kamera na zenye kitu kimoja kwa wakati. Dhana hiyo ilitawala muda mrefu, ingawa katika miaka hiyohiyo wakazi wa Dar es Salaam na Zanzibar walikuwa wakifuata bila taabu filamu za Kimarekani na za Kihindi katika majumba ya sinema ya biashara. Mtu aliyeweza kumfuata mpanda farasi akikimbizwa milimani asingeshindwa kumfuata mkulima akipanda kahawa.

Kisha ikaja Men of Two Worlds, filamu ya rangi iliyoongozwa na Thorold Dickinson na kutolewa mwaka 1946. Kisa chake kimewekwa Tanganyika. Kisenga, mpiga piano aliyeishi Uingereza kwa miaka 15, anarejea katika nchi yake kuwasaidia maofisa kuwahamisha watu wa Marashi kutoka eneo la ndorobo, na anapambana na mganga Magole. Baadhi ya picha zilipigwa Tanganyika, lakini sehemu kubwa ya filamu ilikamilishwa katika studio za Denham, Uingereza. Kisenga aliigizwa na Robert Adams wa Guyana ya Uingereza, na Magole akaigizwa na Orlando Martins wa Nigeria. Umoja wa Wanafunzi wa Afrika Magharibi mjini London uliilalamikia picha iliyotolewa humo kuhusu Mwafrika. Jambo linalohusu makala hii ni jepesi zaidi: katika filamu kubwa kuliko zote zilizokuwa zimewekwa Tanganyika, Mtanganyika alionekana kama sehemu ya umati.

3.0 Mtumishi anayeigiza

Kawawa alizaliwa mwaka 1926 katika eneo la Songea, mtoto wa mwindaji wa tembo. Alisoma Liuli, kisha Dar es Salaam, na hatimaye Shule ya Serikali ya Tabora, ambako serikali iliwaandaa vijana wachache wa Kiafrika kwa kazi za ukarani na uongozi wa ngazi ya chini. Baada ya masomo aliingia katika utumishi wa serikali Dar es Salaam. Mwaka 1951 alikuwa katika kazi za ustawi na maendeleo ya jamii, nazo ndizo zilizomfikisha mbele ya kamera.

Ni muhimu kuelewa mpangilio huo wa kazi, kwa sababu neno "mwigizaji" leo linaweza kumpotosha msomaji. Kawawa hakuwa msanii aliyetafutwa na mtayarishaji, akasaini mkataba na kuishi kwa malipo ya jukwaa. Alikuwa mtumishi wa umma ambaye uigizaji ulikuwa mojawapo ya majukumu yake, kama vile mwenzake angeweza kupangiwa kufundisha watu wazima kusoma au kusimamia ukumbi wa jamii. Serikali ya Tanganyika, ikitumia utaalamu wa kampuni ya filamu ya Afrika Kusini, iliamua kutengeneza filamu za Kiswahili zenye visa kamili na zenye kuburudisha, tofauti na zile za kueleza namna ya kuchimba choo. Zikapatikana filamu kadhaa, miongoni mwazo Muhogo Mchungu na Chalo Amerudi. Kawawa alikuwa mwigizaji mkuu, na kwa sababu hiyo huhesabiwa kuwa Mtanganyika wa kwanza Mwafrika kupata nafasi hiyo katika filamu.

Kwa nini yeye? Sifa tatu zinaonekana katika maisha yake yenyewe. Kwanza ni Kiswahili chake. Mtu wa Songea aliyesoma Dar es Salaam na Tabora alikuwa amevuka nchi nzima kwa lugha hiyo, na angeeleweka Mtwara na Mwanza vilevile. Pili, elimu ya Tabora ilimwezesha kusoma maandishi ya filamu na kupokea maelekezo ya wapiga picha wa kigeni pasipo mkalimani. Sifa ya tatu haitajwi sana, nayo ni kwamba Kawawa mwenyewe alikuwa mtu wa shamba aliyefika mjini. Aliyeitwa kuigiza mshangao wa mgeni mbele ya Dar es Salaam alikuwa amewahi kuwa mgeni huyo.

Uigizaji wa watumishi una faida na hasara zake. Serikali hupata mtu mwenye nidhamu asiyechelewa na asiyedai nyongeza. Kwa upande mwingine, kazi ya mtu huyo mbele ya kamera inaweza kukatizwa na barua ya uhamisho, na ndivyo ilivyokuwa. Mwaka 1953, wakati wa hali ya hatari nchini Kenya, Kawawa alipelekwa Urambo kufanya kazi miongoni mwa Wakikuyu waliokuwa wamewekwa kizuizini huko. Hakuaga sinema kwa sababu ya kushindwa, kuzeeka au kuchokwa na watazamaji. Faili lake lilihamishiwa dawati jingine.

4.0 Muhogo Mchungu na mji uliokuwa ukifurika

Kisa cha Muhogo Mchungu, filamu ya mwaka 1952, ni cha kawaida kwa makusudi. Mtu asiyejua mji anafika Dar es Salaam, anakutana na wajanja, anawaamini, na anatapeliwa hatua kwa hatua. Kila anayemkaribisha kwa tabasamu ana jambo lake. Mtazamaji anacheka kwa sababu anaona mtego kabla ya mhusika kuuona, na kicheko hicho ndicho somo lenyewe: anayemcheka mshamba amekwishakubali kwamba mji si wa kila mtu.

Jina la filamu limechaguliwa vizuri kuliko inavyodhaniwa. Kila mkulima wa pwani na kusini anajua kwamba muhogo mchungu na muhogo mtamu hufanana kwa umbo. Mchungu una sumu ya sianidi, na asiyejua akiuchemsha na kuula siku hiyohiyo anaweza kudhurika. Anayejua huumenya, huuloweka, huuanika juani na kuusaga, naye hupata unga mzuri. Kwa hiyo muhogo mchungu si chakula kibaya. Ni chakula kinachohitaji ujuzi wa kukiandaa. Jina linasema zaidi ya ilivyokusudiwa na idara, iliyotaka mtu wa shamba akae mbali na mji. Mkulima aliyelisikia angeweza kuuliza kwa nini asifundishwe namna ya kuuandaa. Jina hilo limeendelea kuishi katika sanaa ya uigizaji, na watazamaji wa michezo ya televisheni wa miaka ya karibuni wanalijua kama jina la kisanaa la mchekeshaji Abdallah Mkumbila.

Hofu iliyokuwa nyuma ya kisa hicho inaeleweka kwa kutazama idadi ya watu. Sensa ya mwaka 1948 ilihesabu watu wapatao 69,000 mjini Dar es Salaam, na ile ya mwaka 1957 ikahesabu zaidi ya 128,000. Kwa maneno mengine, katika miaka tisa mji ulikaribia kuwa mara mbili. Wageni hawakuingia Uzunguni wala Uhindini. Walijaza Kariakoo na Ilala, na waliokosa nafasi huko wakajenga au kupanga chumba pembezoni, Temeke, Keko, Buguruni na Kinondoni, katika nyumba za miti na udongo zilizoezekwa makuti au madebe yaliyonyooshwa. Keko ilikuwa karibu na bandari, reli na eneo la viwanda lililokuwa likichipuka kando ya barabara ya Pugu, hivyo kibarua angeweza kwenda kazini kwa miguu. Serikali ilikuwa na sheria za kuwaondoa mjini Waafrika waliohesabiwa kuwa hawatakiwi, na polisi walifanya misako ya kuwatafuta wasio na kazi wala stakabadhi ya kodi. Neno "mhuni", ambalo hapo zamani lilimaanisha mtu asiyeoa au asiye na makao, likawa neno la makaratasi ya ofisi.

Hivyo basi filamu na msako vilikuwa mikono miwili ya mwili mmoja. Msako ulimwondoa aliyekwishafika, nayo filamu ilijaribu kumzuia asiyefika bado. Ndiyo maana filamu za namna hii hazikuishia katika kumbi za mjini bali zilipelekwa vijijini kwa magari ya sinema. Shuka jeupe lilitundikwa, jenereta ikawashwa mbali kidogo ili isimeze sauti, na mtu wa idara akashika kipaza sauti kueleza, kuonya na kujibu maswali. Mfafanuzi huyo anayesimama kati ya picha na watu hakutoweka na ukoloni. Vibanda vya video vya Temeke na Kinondoni katika miaka ya 1990 na 2000 vilikuwa na watafsiri wa mdomo waliosimulia filamu za Hong Kong na Marekani kwa Kiswahili cha mtaani. Tofauti ni kwamba mfafanuzi wa kibandani alilipwa na watazamaji, na hakuwa na onyo la mtu yeyote la kufikisha.

Mshindani wa filamu hizo alikuwa na nguvu. Katika muongo huohuo majumba ya sinema ya pwani yalionesha Awaara ya Raj Kapoor, iliyotengenezwa Bombay mwaka 1951, nayo ikapendwa mno Dar es Salaam na Zanzibar. Shujaa wa Awaara naye ni mzururaji wa mjini, mwizi mdogo aliyevaa suruali fupi ya kubana. Lakini filamu ile inauliza ni nini kilichomfanya awe hivyo, inamfikisha mahakamani, na inaifanya jamii ijitetee pamoja naye. Muhogo Mchungu haina mahakama ya namna hiyo. Mtu wa shamba ameponzeka kwa ujinga wake na tapeli ni tapeli tu. Haielezi kwa nini kijiji kimeachwa, kodi inalipwaje, wala mshahara wa kibarua unatosha nini. Kama filamu ingeuliza hivyo, pengine isingepitishwa na watu walioilipia. Ikumbukwe kwamba bodi ya ukaguzi wa filamu katika Tanganyika iliweza kuiruhusu filamu kwa Wazungu na Waasia na kuizuia kwa Waafrika, kwa hoja kwamba watu hao wa mwisho wangeielewa vibaya.

5.0 Saburi na kumbukumbu isiyo na cheo

Katika orodha ya waigizaji wa Men of Two Worlds limo jina la Eseza Makumbi, mwanamke kutoka Uganda, aliyeigiza sehemu ya Saburi, dada yake Kisenga. Kumweka kando ya Kawawa kunasaidia kupima uzito wa kumbukumbu. Wote wawili ni wana wa Afrika Mashariki na wote waliigiza kwa muda mfupi. Wote pia walishiriki filamu zilizotengenezwa kwa maslahi ya serikali ya kikoloni, yenye ujumbe kuhusu wapi Mwafrika anapaswa kuishi na kwa amri ya nani: Kisenga anawahamisha watu wa Marashi, na mgeni wa Muhogo Mchungu anafundishwa kutohama. Filamu ya Makumbi ilikuwa ya rangi, ya gharama kubwa, ikaoneshwa nchi nyingi. Filamu za Kawawa zilikuwa ndogo na za mtaa wa jirani.

Hata hivyo jina la Kawawa ndilo linalojulikana, na halijulikani kwa sababu ya ubora wa uigizaji wake. Linajulikana kwa sababu tarehe 22 Januari 1962 alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika, na wasifu wa Waziri Mkuu huandikwa, hata sehemu zake zinazochekesha. Waigizaji wenzake katika Muhogo Mchungu, ambao huenda walicheza vizuri kuliko yeye, hawakupata cheo cha kuwabeba. Hili ni jambo la mbinu ya utafiti na si la huruma. Historia ya filamu inayokusanywa kutoka katika wasifu wa viongozi itakuwa historia ya wanaume wachache, maana katika Tanganyika ya 1962 njia kutoka sinema hadi ikulu haikuwa wazi kwa wanawake. Tanzania ilibidi isubiri hadi Arusi ya Mariamu ya mwaka 1985, ambamo Amandina Lihamba aliigiza Mariamu, ndipo mwigizaji wa kike awe kitovu cha filamu inayojadiliwa na wahakiki kwa jina lake.

6.0 Hadithi inamrudia mwigizaji

Mwaka uleule wa 1953 aliopelekwa Urambo, serikali ilitoa waraka uliowazuia watumishi wa umma kujiunga na Tanganyika African Association. Kawawa, akiwa mtumishi, alibaki na mlango wa chama cha watumishi Waafrika wa serikali, na akakiongoza. Shirikisho la Wafanyakazi wa Tanganyika lilipoundwa mwaka 1955 akawa katibu mkuu wake, kisha akaacha kazi ya serikali. Waliokuwa wanachama wa shirikisho hilo ni makuli, watumishi wa nyumbani, wafanyakazi wa hoteli na wa mashamba ya mkonge, yaani walewale ambao filamu iliwachora kama wageni waliopotea. Safari hii walikuwa na kadi na walidai mshahara. Mtu anaweza kusema kwamba Kawawa wa 1955 alikuwa akimjibu Kawawa wa 1952, na kauli hiyo ingekuwa nzuri kama historia ingeishia hapo.

Haikuishia hapo. Kampuni ya Filamu Tanzania ilipotengeneza Fimbo ya Mnyonge katikati ya miaka ya 1970, kisa chake kilikuwa cha mtu maskini anayekwenda mjini kutafuta kazi, anayekosa, na anayepata wokovu katika kijiji cha ujamaa. Mwisho ulikuwa umebadilika, kwa sababu kijiji sasa kilikuwa na shule, zahanati na shamba la pamoja badala ya kuwa mahali pa kurudishwa kwa nguvu. Mwanzo na katikati, hata hivyo, vilikuwa vilevile vya Muhogo Mchungu. Fasihi andishi ya miaka hiyo nayo ilizunguka kisima hicho, ingawa waandishi wake walikuwa wakali zaidi. Euphrase Kezilahabi katika Rosa Mistika (1971) na Penina Muhando katika Hatia (1972) walimtuma msichana badala ya mwanamume, na wote wawili walikataa kumtwika yeye peke yake lawama yote.

Kawawa alikuwa Waziri Mkuu tangu 1972 hadi 1977. Ndani ya kipindi hicho kuishi vijijini kulifanywa kuwa amri mwaka 1973, na mamilioni ya watu walihamishwa katika Operesheni Vijiji. Sheria mpya ya filamu na michezo ya jukwaani, yenye bodi ya ukaguzi, ilipitishwa mwaka 1976. Mwaka huohuo ilitangazwa kampeni ya kumtaka kila mtu afanye kazi, na watu waliohesabiwa kuwa hawana kazi mjini Dar es Salaam walikusanywa na kupelekwa vijijini. Vitongoji vya wapangaji kama Keko, Temeke, Manzese na Kinondoni ndivyo vilivyokuwa na watu wa aina iliyotafutwa: wachuuzi, vibarua wa siku na vijana waliofikia kwa ndugu.

Kuna namna mbili za kulisoma jambo hili. Ya kwanza ni kusema kwamba serikali ya uhuru ilirithi hofu ya serikali ya kikoloni, pamoja na lugha yake, na kwamba Kawawa ni daraja kati ya hizo mbili. Usomaji huo una ushahidi mwingi, lakini unamfanya awe bendera inayofuata upepo. Ya pili, ambayo makala hii inaipa nafasi kubwa zaidi, ni kuzingatia kwamba utumishi ndio uliokuwa sanaa yake. Kijana wa 1952 alipewa maandishi na idara, akayasema kwa sauti inayoaminika, kwa Kiswahili kinachoeleweka nchi nzima. Sifa aliyopewa na wenzake katika uongozi kwa miaka 30 iliyofuata ilikuwa ileile: anayetekeleza kwa uaminifu yaliyoamuliwa, na anayeweza kuyaeleza kwa watu. Kwa mtazamo huo hakuwahi kuacha kabisa kazi ya 1952. Ila katika sinema mtu wa shamba aliyetapeliwa aliinuka baada ya picha kukatwa, akavua nguo za kuigizia na kurudi kwake Dar es Salaam. Waliokusanywa mwaka 1976 walipandishwa kwenye malori kweli.

Wengi wao walirudi. Sensa ya mwaka 1978 ilikuta jiji lenye watu zaidi ya 750,000, na Keko ilizidi kujaa karakana za mbao, vyumba vya kupanga na vijana kutoka mikoani. Kawawa alifariki dunia tarehe 31 Desemba 2009 katika Hospitali ya Taifa ya Muhimbili, jijini Dar es Salaam, mji alioufikia kwa mara ya kwanza akiwa mwanafunzi kutoka Songea.